Kigingi kwenye Kibanja cha Kokubanza

Safari yangu ya Karagwe ilianza kwa uongo mdogo. Kule Tanga waliuliza nani kati yetu wafunga vidonda amewahi kuishi mahali pa baridi, nami nikanyoosha mkono. Baridi yote niliyoijua ilikuwa ya milimani Usambara, nilikokaa siku nne. Nilikuwa kijana, nimemaliza shule ya serikali, naweza kuandika barua na kusoma lebo za chupa, na nilikuwa nimekwisha viacha vituo viwili bila sababu ya maana. Kila nilipozoea dirisha moja nilitamani kuona dirisha jingine. Nikahesabu kwamba Karagwe nitakaa kiangazi kimoja.

Nyinyi mnaoingia kazini sasa, mmeniomba niandike yaliyonipata kabla macho hayajanizimikia kabisa. Vyeo sitavitaja, kwa sababu havikuwa vingi. Mshahara pia nitauruka. Ulikuwa ukifika umechoka. Nitaandika habari ya kituo kimoja, na zaidi habari ya mgonjwa mmoja, maana yeye alinifundisha kazi kuliko yeyote aliyelipwa kunifundisha.

Tulikwenda kwa meli ya moshi hadi Mombasa, tukapanda gari la moshi siku mbili hadi kwenye ziwa kubwa, kisha meli nyingine ndogo ikatupeleka Bukoba. Katika meli hiyo nilitapika kuanzia mwanzo hadi mwisho. Bukoba nilikaa mwezi mzima chini ya fundi mmoja mzee aliyeitwa Mabruki, mtu wa Bagamoyo, aliyekuwa akifunga vidonda tangu mimi sijazaliwa. Kanuni yake ilikuwa moja, na aliirudia kila asubuhi kama mtu anayehesabu kuku wake: osha mikono kabla, osha mikono baada, na katikati nyamaza. Mbili za kwanza nilizishika siku ya kwanza. Ile ya tatu nilidhani ni uzee tu.

Kutoka Bukoba tulitembea siku sita, mimi na wapagazi watano, tukiuacha mvuke wa ziwa na kupanda vilima vya nyasi. Kwenye mto Ngono sanduku la vyombo lilianguka majini. Tulilitoa. Unga wa njano wa vidonda, ule unaonuka hata ukifungiwa ndani ya chupa ndani ya sanduku, uligeuka uji, na makasi yakapata kutu ambayo sikuweza kuimaliza miaka yote niliyokuwa huko. Kama umewahi kukata kitambaa kwa makasi yenye kutu mbele ya mgonjwa anayekutazama, unajua aibu ninayoisema.

Kituo kilikuwa nyumba ya udongo ya vyumba viwili, juu ya mgongo wa kilima upande wa Kituntu. Chini yake kote ilikuwa migomba na kahawa. Nilipanga kwa Salum, mwenye duka la chumvi na kitambaa cha amerikani, ambaye baba yake alitoka Pangani. Salum alinipokea kwa furaha kubwa, akaniuliza habari za Pangani. Nilimwambia sijawahi kufika Pangani. Akapunguza furaha, ila chumba alinipa. Mkewe, Bi Zuhura, alikuwa mzaliwa wa hapo, naye ndiye aliyekuwa mdomo wangu kwa mwaka mzima wa kwanza, kwa sababu Kinyambo, lugha ya hapo, kwangu kilikuwa maneno matatu na mawili nilikuwa nikiyakosea.

Siku ya kwanza hakuja mgonjwa. Walikuja watu kumi na watano kutazama. Siku ya pili alikuja mzee mwenye mwiba mguuni. Nikautoa, akauchukua mwiba wake akaenda nao. Siku ya tatu walikuja wengi, na wa mwisho wao alikuwa Kokubanza.

Alikuwa mjane, mwenye umri kama wa mama yangu mdogo, mrefu, mwenye kutazama mtu kama anayetazama mbuzi sokoni. Nilimwamkia shikamoo, Bi Zuhura akamfafanulia, naye akaipokea. Kisha akamtoa nje Salum, aliyekuwa amekuja kutazama, kwa kumkazia macho tu, akanionyesha titi la kushoto. Palikuwa na uvimbe, mkubwa kama tunda la kahawa, mgumu, usiouma. Pembeni palikuwa na chale za mganga wa kwao, zimepona vizuri kuliko ambavyo ningeziponya mimi. Niliushika ule uvimbe na haukusogea. Katika daftari la Bukoba Mabruki alikuwa amenionyesha jina lake: saratani. Dawa ya kuipaka hatukuwa nayo. Daktari aliweza kukata, kama mgonjwa amekuja mapema na kama amekubali.

Nilimwambia aende Bukoba. Aliuliza mwendo. Nikamwambia siku sita, na kwamba nitaomba watu wambebe kwa machela.

"Machela ni ya mtu mkubwa au ya maiti," Bi Zuhura alinitafsiria. "Anasema yeye bado hajawa hata mmoja."

Akatembea. Alikwenda na mwanamke wa jirani na mzigo wa ndizi za kuchoma, akarudi baada ya miezi miwili bila titi, amekonda, na akiwa na maneno kadhaa ya Kiswahili aliyojifunza wodini, mengi yake ya kuagizia maji. Kovu lilianzia kifuani likaishia kwapani. Lilikuwa limeshonwa vizuri sana. Nililisifu, maana kwetu wafunga vidonda mshono mzuri ni mshono mzuri. Alinitazama kidogo, akasema yule aliyeshona angeweza kutengeneza mikeka.

Miaka miwili na zaidi hakuwa na shida, isipokuwa mkono wa kushoto uliovimba na kukataa kupanda juu ya bega. Akakata mpini wa jembe lake ukawa mfupi, akalima kwa mkono wa kulia. Na alianza kazi ambayo hakuna aliyempa. Kila akija mwanamke mwenye uvimbe, akaogopa Bukoba, mimi nilieleza kwa dakika nyingi na Bi Zuhura akatafsiri kwa dakika nyingi zaidi. Kokubanza, kama yupo, alifungua nguo yake, akaonyesha kovu, akafunga. Mwanamke mmoja wa Ihembe alikwenda kwa sababu hiyo tu, akiwa na kiuvimbe kidogo kama harage, akarudi mzima. Mwingine alitazama kovu, akashukuru, akaenda zake, na hakurudi. Kokubanza aliwahesabu wote wawili. Alisema kuonyesha ni kazi yake, na kwenda ni kazi yao.

Kisha ugonjwa ukarudi pale pale kwenye kovu, vipele vigumu vitatu, kimoja kikapasuka kikawa kidonda. Daktari wa Bukoba alipita kwetu katika ziara yake mwaka huo, akamwangalia kwa muda mrefu na kwa upole, akasema hapakatiki tena. Tulipotoka nje aliniambia huenda ni mwaka, huenda chini ya hapo, huenda zaidi, hajui, na nisimwambie mtu kitu ambacho hata yeye hakijui. Mbele ya Kokubanza alisema kweli tu: hatuna kisu kingine, tunacho kitambaa na usafi.

"Basi nipeni hicho," alisema.

Hapo ndipo nilipofanya kosa ninaloliandikia haya yote.

Shemeji yake, mdogo wa marehemu mumewe, aliitwa Kaijage. Alikuwa mtu wa heshima, mpangaji wa mambo, ambaye hakupenda kushtukizwa hata na mvua. Alinifuata dukani kwa Salum akaniuliza hali ya shemeji yake. Kule watu wakiulizwa habari za mgonjwa husema anaendelea, hata kama anaendelea kwenda. Mimi nilikuwa msomi wa Tanga. Niliona anayeuliza swali anastahili jibu. Nikamwambia hatazifikia mvua za masika zinazofuata.

Salum aliacha kupima chumvi. Kaijage akanishukuru kwa dhati, akaondoka.

Siku ya tatu nilipokwenda kumfunga kidonda nyumbani kwake nilimkuta Kaijage kwenye kibanja, shamba la kuzunguka nyumba, kati ya migomba, amechomeka kigingi ardhini na anapima hatua. Mnajua kwamba kule wafu huzikwa kibanjani mwao, na mahali huchaguliwa kwa heshima. Alikuwa amechagua mahali pazuri. Hakuwa na ubaya wowote. Alikuwa amepewa taarifa na mtu wa serikali, naye akaifanyia kazi.

Kokubanza alikuwa amesimama mlangoni. Alingoja hadi shemeji yake alipoaga. Nilifungua kidonda, nikakiosha, nikaanza kukifunga. Kwa wakati huo alikuwa anakijua Kiswahili cha kutosha.

"Masika," alisema.

Nikakubali kwa kichwa.

"Umeiona wapi hiyo? Kwenye chupa?"

Aliniambia nimalize kufunga, maana fundo la mwisho lilikuwa limelegea.

Habari ilienda kilima kizima, na yaliyofuata sikuyatarajia. Hakuna aliyemtukana wala kumdharau. Walimhurumia tu, na huruma ikamwondoa kijijini taratibu. Mbegu za maharage zilipogawanywa kati ya majirani, hawakumpelekea, kwa kuwa atavuna nani. Kwenye kukata nyasi hawakumwita. Wageni walikuja kumtazama, wakasimama mlangoni, wakakataa kukaa. Desturi ya kule ni kwamba mgeni hupewa kikapu kidogo cha kahawa iliyochemshwa na kukaushwa, atafune. Kila mwenye nyumba anayo. Kikapu chake kilikaa kimejaa. Aliniambia kwamba kidonda anakiweza. Kinachomshinda ni kahawa isiyopungua.

Siku hiyo nilikaa nikatafuna hadi taya likauma. Haikusaidia, kwa sababu mtu mmoja wa pwani si kijiji.

Yeye alishughulika kwa njia yake. Aling'oa kigingi cha Kaijage, akakuta ni cha mti mgumu, kizuri, hakiliwi na mchwa. Akakifungia mbuzi wake. Pale kilipokuwa kimechomekwa akachimba shimo kwa mkono mmoja, akapanda chipukizi la mgomba wa nshakara, ndizi ya kupika, akalimwagia majivu. Nilimuuliza utazaa lini. Alisema mgomba huo huchukua mwaka na miezi kadhaa, kutegemea mvua, na kwamba Kaijage akija kuuliza mahali pake nimwambie pana mtu.

Mgomba ulikuwa mdogo kama kidole cha mguu. Masika ilikuwa miezi minane mbele. Kila nilipokwenda niliutazama kabla ya kumtazama yeye, na yeye alijua, akawa ananijibu salamu kwa kuniambia majani: limetoka la tatu, limetoka la nne, la tano limeliwa na mbuzi.

Katika miezi hiyo pia alinifundisha kufunga. Kitambaa changu kilikuwa kikishikana na kidonda. Kila siku nikikibandua kilitoka na damu, naye aliuma meno na kuhesabu migomba yake kwa sauti. Asubuhi moja alinionyesha jani changa la mgomba, lile ambalo halijafunguka. Alilipitisha juu ya moto hadi likalegea kama hariri, akaniambia niliweke hilo kwanza, kitambaa kije juu yake. Nilimwambia serikali haina habari ya jani. Akaniambia basi aletewe serikali aifunge kitambaa. Nikajaribu. Nililiosha kwa maji yaliyochemka, nikaliweka, na kesho yake lilitoka lenyewe bila tone la damu. Tangu hapo vidonda vya moto vyote vya kituo kile vilifunikwa kwa jani. Katika ripoti za Bukoba niliandika "kitambaa laini," na hakuna aliyeuliza.

Kwa kosa langu nilitafuta dawa muda mrefu kuliko ilivyohitajika. Mwishowe niliiona siku Kaijage alipoezeka nyumba yake upya. Kilima kizima kilikuwepo, wanaume juu ya paa, wanawake wakileta nyasi. Kokubanza hakuitwa. Alikuja hivyo hivyo na mzigo wa nyasi kichwani, akausimamisha kwa mkono wa kulia, akasimama pembeni. Hakuna aliyemwambia auweke wapi. Watu walitazama kazi zao.

Nilimwendea Kaijage chini ya ngazi. Nilikuwa nimekwisha jifunza Kinyambo kiasi cha kujiaibisha bila mkalimani.

"Kaijage," nilisema, "ile habari niliyokupa ya shemeji yako nimekuja kuichukua."

"Habari si jembe," alisema. "Hairudishwi."

"Nilisema nisichokijua."

"Na sasa unajua?"

"Hata sasa sijui."

Kaijage aliinua uso akawaambia walio juu ya paa. "Atakufa lini, hajui. Hatakufa lini, hajui. Wametuletea mtu kutoka pwani, mwendo wa meli na gari la moshi, aje asijue."

Walicheka sana, na mmoja nusura aanguke. Nilisimama nikachekwa. Nimewahi kufanya kazi ngumu kuliko hiyo, ila si nyingi.

Kokubanza alingoja kicheko kiishe. "Hata wewe siku yako huijui, shemeji," alisema, "na hakuna aliyekuja kukupimia shamba. Nyasi hizi niziweke wapi?"

Kisha Kaijage mwenyewe, aliyekuwa mtu wa haki pamoja na kupenda kwake kupanga, akanyoosha kidole upande wa mlango. "Weka pale," alisema. "Na ukalete nyingine. Huu mzigo ni wa mtoto."

Akaenda akaleta nyingine. Jioni hiyo wanawake watatu walipita kwake, wakakaa, wakatafuna kahawa, wakamsema Salum na bei ya chumvi yake.

Masika ikaja. Ilinyesha kama kawaida, barabara ikawa tope, na Kokubanza alikuja kituoni akiwa na tope hadi magotini, akanyoosha kifua afungwe. Mgomba wake ulikuwa umenipita urefu.

Sitaki mdhani kwamba alipona. Kidonda hakikufunga hata siku moja. Kilipanuka, kikapumzika, kikapanuka tena. Kulikuwa na wiki ambazo maumivu yalimlaza, akageukia ukuta na hakutaka kuongea na mimi wala Bi Zuhura wala mbuzi. Wiki moja ya namna hiyo aliniambia amechoka, na kwamba nisimpe maneno. Sikumpa. Niliosha mikono, nikafunga, nikaosha mikono. Nilipokuwa natoka aliniuliza, bado ameelekea ukutani, kama mgomba umetoa ua. Nilikwenda kuangalia. Ulikuwa umetoa, jekundu, limeinama. Nilirudi nikamwambia. Akasema basi atahitaji mti wa kuuegemeza, maana ua hilo likiwa na mkungu mkubwa shina halitaubeba peke yake, na watu wa pwani hawajui kuegemeza. Kesho yake nilimkuta nje, akinielekeza.

Mkungu wa kwanza ulikatwa miezi mitatu baadaye. Alipika, akaita watu, Kaijage akala sahani mbili na kusema ardhi ya pale ni nzuri, yeye aliiona tangu zamani. Mvua za mwaka uliofuata Kaijage akashikwa na homa, akafa baada ya siku tano. Kokubanza alimlilia kweli, akawapikia waombolezaji, na alipoulizwa mahali pa kumzika, akawaonyesha penye kivuli, chini ya migomba ya Kaijage mwenyewe. Alisema shemeji yake angependa paamuliwe mapema.

Ule mgomba ulizaa, ukakatwa, chipukizi lake likazaa, likakatwa, na la tatu lilikuwa limebeba mkungu vita ilipotufikia. Amri ilikuja kwamba kituo kifungwe, na mimi niende na masanduku kuwahudumia askari wagonjwa. Nilikuwa nimekaa karibu miaka tisa mahali nilipopangia kiangazi kimoja. Nilifunga makasi yangu yenye kutu. Nilimwachia mwanamke wa Ihembe, yule wa uvimbe kama harage, chupa zilizobaki na sufuria ya kuchemshia, kwa kuwa alikuwa amejifunza kumfunga Kokubanza vizuri kuliko mimi.

Asubuhi ya kuondoka Kokubanza alikuja kituoni. Alikuwa amebaki mifupa na macho, mkono wa kushoto ameufunga shingoni kwa kitambaa. Alisema atanisindikiza hadi juu ya kilima. Nilimwambia mgonjwa hasindikizi mtu.

"Anayeondoka ni nani?" aliuliza. "Mimi au wewe?"

Tukapanda polepole, wapagazi wakatutangulia. Alipumzika mara nne. Miaka yote hiyo watu walikuwa wamejiandaa kumsindikiza yeye, nami nilikuwa wa kwanza wao. Juu ya kilima alikaa kwenye jiwe, akatoa tunda moja la kahawa, akalipasua kwa meno. Kule ndugu wa kuchanjana hula punje mbili za tunda moja, kila mtu moja, zikiwa na damu. Ni desturi ya wanaume, na hakuniuliza kama najua hivyo. Akanipa punje moja, akatia nyingine mdomoni mwake.

"Na damu?" nilisema.

"Damu nimekwisha kukupa," alisema. "Miaka mingapi umefua vitambaa?"

Tulitafuna. Nilikuwa na maneno niliyoyaandaa tangu jana yake, mazuri, ya mtu aliyesoma. Nilimkumbuka Mabruki, nikanyamaza.

Alisimama, akasema anarudi, mkungu umekomaa na akichelewa nyani watautangulia. Hakuaga tena. Mimi nilibaki nimesimama nikimtazama akishuka, mkono mmoja shingoni, hadi alipofika kwenye shamba la maharage la mtu mwingine kabisa. Hapo akainama, akang'oa gugu, akalikung'uta udongo, akalitupa njiani, akaendelea.